Homa Niliyomwandikia Bibi wa Mambrui

Nikisema nilifanya kazi hospitali, watu huniuliza nilikuwa nesi au daktari. Karani, nawajibu, na papo hapo naiona hamu imewatoka. Wacha iwatoke. Katika miaka ile ya themanini, kwenye hospitali moja ya mwambao huu wetu ambayo jina lake nitakaa nalo mwenyewe, daktari aliweza kusema atakalo juu ya maiti, lakini sababu ya kifo haikutoka mlangoni kwenda popote mpaka mie niiandikie nambari.

Ndiyo iliyokuwa kazi yangu. Mgonjwa akiruhusiwa, au akifariki, kadi yake ilishushwa afisini kwetu. Mezani nilikuwa na kitabu kinene kilichotoka ng'ambo, jalada lake limeshikizwa kwa plasta ya wadi za wagonjwa, na ndani yake kila maradhi ya mwanadamu yana nambari. Malaria ni sufuri themanini na nne. Nasoma alichoandika daktari, natafuta nambari, naiandika kwa wino mwekundu kwenye kona ya kadi, kisha naiingiza, pamoja na jina la mgonjwa, kwao na tarehe, katika daftari la fahirisi, ambamo kila nambari ina ukurasa wake. Mwisho wa mwezi hesabu zote hupelekwa afisi kuu, Nairobi. Malaria ilikuwa na kurasa chungu nzima. Na ziko nambari ambazo ukurasa wake ulikaa mweupe tangu nianze kazi.

Mkubwa wangu, mzee mmoja safi wa kola na mkali wa kalamu, alinifundisha sheria moja siku ya kwanza: mgonjwa mmoja, nambari moja, na nambari hiyo hutoka mstari wa kwanza wa kadi. "Daktari akiandika mambo manne," alisema, "la kwanza ndilo analoliamini. Yaliyobaki ni wasiwasi wake." Niliipenda sheria hiyo, maana ilinipunguzia kazi. Baadaye niliipenda kwa sababu nyingine, na hiyo ndiyo ninayotaka kuieleza.

Haya yote ni habari ya mamangu. Moyo wake ulikuwa mvivu. Ulipiga polepole mno, na mara nyingine ukasahau kupiga kabisa, naye akaanguka pale alipo. Mara ya tatu aliangukia jikoni, mkono ukaingia kwenye makaa. Nilikuwa mtoto wake wa pekee, sijaolewa tena baada ya talaka yangu, na nyumbani Malindi tulikuwa sisi wawili tu. Nilikuwa nikitoka kazini natembea mbio mpaka mlangoni, kisha nasimama nje nisikilize kama kuna sauti ya sufuria.

Ndipo wakaja Nairobi madaktari wageni na mashine za moyo. Wenyewe waliziita pesimeka. Ni kitu bapa, ukubwa wake kama kibiriti, kina betri ndani, na kina waya mwembamba unaopitishwa mshipani mpaka ndani ya moyo ili uusukume upige. Hutiwa chini ya ngozi ya kifua, karibu na mtulinga, pakashonwa. Kutoka pande zetu walichukuliwa watu watatu. Mmoja ni mamangu. Wa pili alikuwa bibi mmoja wa Mambrui aliyekuwa akisomesha wasichana Kurani nyumbani kwake. Wa tatu ni mwalimu wa shule ya msingi, mtu wa bara aliyehamishiwa Kilifi, amepanga nyumba Kibarani na mkewe. Niliwasindikiza mie, kwa kuwa nilizijua njia za hospitali.

Walitiliwa mashine siku moja, mmoja baada ya mwingine. Kila mtu akapewa kadi ndogo yenye nambari ya mashine yake. Mtu wa nambari ni mtu wa nambari, nikazichukua zote tatu nikazilinganisha. Zilifuatana. Ya bibi wa Mambrui iliishia na sita, ya mamangu saba, ya mwalimu nane. "Lo!" nikawaambia, "nyie sasa ni ndugu wa tumbo moja." Mwalimu akacheka mpaka akashika kidonda. "Basi mimi ndio kitinda mimba," akasema, "nyinyi wakubwa mtanitumatuma." Mamangu na yule bibi walishikana usomo hapo hapo wadini, urafiki wa kuitana somo, na tuliporudi pwani wakawa hawapitishi wiki bila ya kutumiana salamu, halua na ubani.

Mwaka mzima na zaidi mamangu hakuanguka hata mara moja. Alinenepa. Alianza kunigombeza kama zamani, kwamba nimekonda, kwamba nakaa na makaratasi hata mume mwingine hanioni. Nilifurahi kugombezwa.

Kisha, katikati ya masika, asubuhi moja nikaletewa kadi ya maiti kutoka Mambrui. Ni yule bibi, somo yake mamangu. Alikuwa ameletwa alfajiri hana fahamu na hakukaa hata saa mbili. Daktari wa zamu, ambaye baada ya mwezi mmoja alihamishwa akaenda zake, alikuwa ameandika mistari miwili. Wa kwanza: malaria kali. Wa pili, kwa maandishi madogo, kama mtu aliyeukumbuka wakati yuainuka: mapigo yalikuwa chini sana, mashine ya moyo inafanya kazi? Na alama ya kuuliza.

Lazima mjue masika ya pwani yalivyokuwa. Yeyote aliyeletwa akitetemeka, akizimia, akitapika, akiongea ovyo, mstari wa kwanza ulikuwa malaria kabla hata damu haijafika maabara. Haikuwa uvivu. Mara tisa katika kumi ilikuwa kweli malaria. Lakini nyuma ya kadi hiyo palikuwa na karatasi ya maabara imebanwa kwa pini, na karatasi ikasema hakuna vidudu katika damu. Niliisoma. Niliisoma tena. Nikaipindua kadi uso chini, nikaiweka chini ya nyingine zote, nikaenda kunywa maji.

Maiti alikuwa keshachukuliwa na watu wake. Kwetu maiti hangojewi. Alioshwa, akakafiniwa, akaswaliwa adhuhuri, na kabla ya alasiri yuko mchangani. Walioosha walilishika lile gumu chini ya ngozi, wakaulizana, wakaambiwa liacheni, ni sehemu yake. Mashine ikazikwa naye.

Saa saba nilikwenda nyumbani kula. Mamangu alikuwa ukumbini, ungo mapajani, lakini mchele hakuupepeta. Habari ilikuwa imeshamfikia.

"Kafa na nini somo yangu?"

"Homa, mama."

"Homa gani? Ijumaa kaniletea salamu, mzima kabisa."

"Malaria. Masika haya, nani hana malaria?"

Akapeleka mkono kifuani, pale chini ya mtulinga, akapagusa kwa vidole viwili kama mtu anayegusa pasi kuona imeshika moto. "Si hii?"

"Si hiyo mama, wallahi."

Niliapa. Sikuapa kwa uovu, Mungu anajua. Madaktari wa Nairobi walituonya kwamba hofu ni mbaya kwake, na nilimwona rangi imemtoka. Nikajiambia kwanza atulie. Lakini yamini ni yamini, na niliporudi afisini mchana ule, ile kadi ikiwa mbele yangu, nilijua kwamba nikiandika nambari ya mashine, habari itatoka. Mkubwa wangu ataiona, wauguzi wataisikia, na nesi mmoja wa Mambrui atakwenda kuisema kisimani. Haitapita wiki mamangu atajua kwamba iliyokufa ni ndugu ya mashine iliyo kifuani mwake, na kwamba mwanawe kaapa uwongo.

Basi nikakumbuka sheria. Mgonjwa mmoja, nambari moja, mstari wa kwanza. Nikaandika sufuri themanini na nne. Niliiandika kwa mwandiko wangu ule ule safi, na hilo ndilo linaloniudhi hadi leo. Nilijitia hamnazo, nikachukua kadi iliyofuata, ya mtu aliyeumwa na nge.

Nani alinilazimisha? Hakuna. Mkubwa wangu angeniuliza, ningemwonyesha mstari wa kwanza na angesema vyema. Bibi wa Mambrui aliingia katika kurasa za malaria pamoja na mamia wengine, na mwisho wa mwezi akaenda Nairobi kama mmoja wa jumla kubwa ambayo hakuna mtu angeishangaa.

Tangu siku hiyo nikaanza mchezo. Kwetu mtoto humwamkia mzazi kwa kumbusu mkono. Kila asubuhi nilisema, "Shikamoo mama," nikauchukua mkono wake, nikaubusu, lakini vidole vyangu viliteleza mpaka kwenye mshipa wa kifundo cha mkono na macho yangu yalikuwa kwenye saa ya ukutani nyuma yake. Mashine ilikuwa imewekwa ipige sabini kwa dakika. Nusu dakika, thelathini na tano. Nikizipata zote, nilikwenda kazini kama mtu wa kawaida.

"Siku hizi adabu imekuzidi," mamangu aliniambia. "Mkono wangu una asali?"

"Una baraka, mama."

"Hebu wacha wazimu, utachelewa."

Mwezi wa tatu wa mchezo huo, asubuhi moja, mshipa ulipiga, ukapiga, kisha pakawa na nafasi tupu, kisha ukapiga tena. Nilipata thelathini na nne. Nikajiambia nimehesabu vibaya. Kesho yake thelathini na tano kamili. Alhamdulillahi, nikasema, ni macho yangu. Wiki ya pili thelathini na tatu, na nikamwona anashika mwimo wa mlango akisingizia kwamba anatafuta kiatu. Naye alikuwa akinificha. Tukawa watu wawili katika nyumba moja, kila mmoja anamwambia mwenziwe kwamba hakuna kitu.

Mbona sikumpeleka hospitali? Nimeulizwa na wachache niliowasimulia, na nimejiuliza mwenyewe zaidi yao. Kumpeleka ilikuwa kusema kwa nini nampeleka. Ilikuwa kuitoa ile kadi chini ya nyingine. Kila siku niliahirisha kwa siku moja, na siku moja haionekani kuwa ni kitu.

Mwezi wa tano wa mchezo wangu, mwalimu alianguka darasani, chaki mkononi, mbele ya watoto. Walimleta kwa gari la kiwanda cha korosho lililokuwa likipita kuja upande wetu. Daktari wa zamu siku hiyo alikuwa binti mgeni, hana hata miezi miwili kwetu, mwembamba, asiyecheka. Huyo hakuandika malaria. Alimshika mshipa akapata mapigo chini ya thelathini, akaona kovu la kifuani, akaagiza gari la kumkimbiza Mombasa. Mwalimu alifariki wakati gari linatiwa mafuta.

Kadi yake aliileta mwenyewe mpaka mezani kwangu, jambo ambalo madaktari hawafanyi. Mstari wa kwanza, kwa herufi kubwa: mashine ya moyo imeacha kufanya kazi.

"Hii ina nambari?" akaniuliza.

"Inayo, daktari. Mia tisa tisini na sita."

"Umewahi kumpata mwingine hapa?"

Nikamwambia, "Ngoja niangalie," ingawa hapakuwa na haja ya kuangalia. Nikalifungua daftari la fahirisi kwenye ukurasa wa mia tisa tisini na sita, nikamgeuzia. Ukurasa ulikuwa mweupe.

"Hakuna," nikasema. Daftari likanishuhudia.

Akauangalia ukurasa kwa muda. "Kama ni mmoja tu, huenda ni bahati mbaya yake," akasema. "Maiti inasafirishwa bara kesho kutwa. Ningekuwa na mwingine ningemwomba mjane aniruhusu kuitoa mashine tuipeleke ikaangaliwe. Kwa mmoja, sina uso wa kumwomba mtu jambo kama hilo." Akaenda zake, nami nikaandika jina la mwalimu mstari wa kwanza wa ukurasa ule, la kwanza kuandikwa humo tangu nianze kazi. Sita amekufa. Nane amekufa. Nilipiga kalamu chini ikaruka mpaka kwa mkubwa wangu, akaniuliza kama naumwa.

Nilitoka bila ya ruhusa. Nilipofika nyumbani mamangu alikuwa amekaa kitako sakafuni jikoni, mgongo ukutani, mwiko pembeni, na unga umemwagika mapajani. Akasema ameona uchovu kidogo tu, akaamua kukaa. Nikachuchumaa nikauchukua mkono wake. Sikumbusu. Nilihesabu waziwazi, naye akaniacha nihesabu. Ukapiga mara nne, ukaacha. Ukapiga mara mbili, ukaacha. Ile nafasi tupu ilikuwa ndefu hata nikaanza kumwita Mungu kwa sauti.

"Ni hii," akasema mamangu. "Tangu siku ile nilijua ni hii. Nilikuona unavyoapa."

Yarabi! Nililia pale pale juu ya unga. Miezi mitano nimemlinda na jambo analolijua.

Nilimwita jirani akae naye, nikarudi hospitali kwa miguu, buibui limenivuka kichwani, sijali anionaye. Nikaingia chumba cha kadi, nikaitoa ile ya bibi wa Mambrui, nikaipeleka kwa daktari bila ya kupitia kwa mtu. Akaisoma mbele, akaigeuza, akaisoma karatasi ya maabara iliyokuwa bado imebanwa kwa pini yake, ambayo imeshaanza kushika kutu.

"Nambari hii kaandika nani?"

"Mie."

"Mstari wa pili uliuona?"

"Niliuona."

Hakufoka. Laiti angefoka, au hata angenipiga kofi, ningejua pa kushika. Alisema tu, "Na yupo mwingine mwenye mashine kama hizi?" Nikamwambia yupo, ni mamangu, na mshipa wake unaruka. Akainuka papo hapo, akaagiza mamangu aletwe alazwe, akaenda kumtafuta mke wa mwalimu.

Sikuwepo walipozungumza. Niliambiwa na nesi kwamba mjane alikuwa amekaa kwenye benchi la nje ya mochari, mikono mapajani, na daktari akamwomba waipasue ngozi ya mumewe waitoe mashine. Shemeji zake walikataa. Walisema ndugu yao atarudi kwao mzima, hatakatwakatwa. Mjane aliuliza swali moja, kama kuna mtu hai anayeweza kusaidika. Daktari akasema yupo. Basi akatia sahihi.

Mimi kazi yangu ilikuwa kusahihisha. Afisini kwetu hakufutwi kitu. Kosa hupigwa mstari mmoja ili lisomeke chini yake, juu yake ukaandika lililo sawa, na ukatia sahihi na tarehe ya siku unayosahihisha. Mkubwa wangu alinisimamia kichwani nikifanya hivyo. Nilipotia sahihi akasema, "Sheria yangu haikukwambia usisome," akarudi kwenye meza yake. Nikamwingiza bibi wa Mambrui katika ukurasa wa mia tisa tisini na sita, chini ya mwalimu.

Mashine ya mwalimu na kadi zote mbili zikapelekwa Nairobi na mtu, mkononi. Siku ya nne ikaja simu ya maandishi. Ilikuwa fupi. Mleteni aliyebaki, mara moja, akiwa amelala.

Safari hiyo siisimulii. Nilikaa sakafuni mwa gari la wagonjwa kutoka Malindi mpaka Nairobi, mshipa wa mamangu vidoleni mwangu njia nzima, na kila uliporuka niliona mwisho umefika. Huko Voi mamangu aliuliza tumefika wapi. Baada ya hapo hakuuliza tena kitu. Walimpasua siku ile ile tuliyofika. Daktari wa huko alitoka na bakuli la chuma akanionyesha waya uliokuwa ndani yake. Pale unapoungana na mashine, ngozi ya waya ilikuwa imepasuka, na nyuzi za ndani zimekatika, zimebaki mbili au tatu, nyembamba kushinda nywele. Wa mwalimu ulikuwa umekatika mahali hapo hapo. "Alibakiwa na siku chache tu," alisema. "Bila ya ile mashine ya Kilifi tusingejua pa kutazama." Waliandika ng'ambo, na nikasikia mashine za aina ile zikaachwa kutiwa watu.

Mamangu alirudi Malindi na mashine mpya, na mshipa unaopiga sabini bila ya kuruka. Nilifunga siku tatu za kafara ya kiapo changu. Nilipofungua siku ya tatu nilijiona kama nimeshalipa, nikala nikashiba.

Baada ya miezi miwili mke wa mwalimu alirudi kutoka bara kukusanya vyombo vyake Kibarani. Alipitia kwetu kutaka barua yenye sababu ya kifo, ilihitajika huko alikoajiriwa mumewe. Alikuwa mwanamke wa makamo, kitambaa cheusi kichwani, Kiswahili chake cha bara, cha kupima maneno. Nikamkaribisha kiti, nikalifungua daftari kuinakili nambari. Naye pia alikuwa mwalimu. Mwalimu humpi ukurasa mbele yake asiusome.

"Kumbe walikuwa wawili," akasema.

"Wawili, dada."

Akaweka kidole kwenye karatasi. "Huyu wa Mambrui amekufa miezi mitano kabla ya mzee wangu. Mbona ameandikwa chini yake?"

Ningeweza kumdanganya. Wa kumsingizia nilikuwa naye: nilikuwa na mkubwa, nilikuwa na daktari aliyehamishwa, nilikuwa na masika. Nikamwambia yote. Nikamwambia mstari wa pili, na karatasi ya maabara, na kiapo, na kwamba aliyesaidika ni mamangu mzazi. Aliondoa kidole daftarini taratibu, akakikunja pamoja na vingine.

Afisi nzima ilikuwa inasikia.

"Mama yako yuko nyumbani?" akaniuliza.

"Yupo."

"Nipeleke nimwone."

Nikalifunga daftari. Tulikwenda kwa miguu mpaka nyumbani. Mamangu alipoambiwa huyu ni mke wa mwalimu, alimkumbatia, akamlilia mumewe, akamketisha kwenye kiti chake mwenyewe, akamwandalia chai na mahamri, akamwambia asiondoke bila ya kula wali. Mgeni alikuwa akimtazama usoni tu. Akamtazama na kifua chake kinavyopanda na kushuka chini ya kanga.

Na mamangu, maskini, furaha ya kupata mgeni ikamzidi. Akanishika bega mbele yake. "Huyu mwanangu unamwona alivyo kimya," akasema, "lakini ndiye aliyeniponya. Madaktari wote wale, hakuna aliyejua. Ni yeye aliyeziona zile kadi, akazijua."

Mke wa mwalimu aliweka kikombe chini. Alinitazama mpaka nikainamisha macho.

"Ndiyo, mama," akasema. "Aliziona."